Mchanga wa Chini ya Daraja

Karani wa baraza alinyoosha mkono bila kuinua uso. "Shilingi ya ulinzi," alisema.

"Ulinzi wa nini?" aliuliza Uweso bin Kombo.

"Wa lori lako. Linalala hapa, linalindwa hapa."

"Kwani mimi ndiye niliyekuombeni mlilinde?"

"Bwana Uweso, hata mahabusi anakula kwa gharama ya serikali. Lori lako halili, ndiyo maana ni shilingi tu."

Watu waliokaa kwenye benchi wakisubiri kesi zao walicheka. Uweso alikuwa mtu wa mzaha tangu utoto, na siku nyingine angelimpa karani jibu la kumfanya asahau hesabu zake. Siku hiyo alitoa shilingi, akaiweka mezani, akatoka kwenda uani.

Lori lilikuwa pale pale lilipoachwa siku ya kuzuiliwa, pua limeielekeza kwenye choo cha wafungwa. Kuku wa mke wa askari walikuwa wamepata mahali pa kutagia chini yake. Gurudumu moja la nyuma limekaa chini. Lakini lililomshtua Uweso halikuwa gurudumu. Wafungwa wawili walikuwa juu ya bodi wanapakua mchanga kwa karai, na wenzao wanaumwaga kwenye madimbwi, maana masika yalikuwa yamekolea na ua mzima ulikuwa tope.

"Jamani, mchanga huo ni wa kesi," alisema Uweso.

Askari aliyewasimamia alikuwa anachokoa meno. "Kesi ni ya lori. Mchanga ni wa mto, na mto ni wa serikali. Au na mto pia umeununua?"

Uweso aliutazama mchanga ule. Mchanga wa pale kwenye kona ya mto, alikoruhusiwa kuchota, ni mweupe na safi. Wa chini ya daraja una tope na majani. Mtoto mdogo angeliweza kuupambanua. Siku ya kesi ya kwanza hakimu hakutoka hata kuutazama, na sasa, Bwana Shauri, Mzungu mkuu wa wilaya, anapokaribia kuiangalia kesi upya, mchanga wenyewe ulikuwa unakanyagwa na watu wanaokwenda chooni. Uweso aliupitia juu akatoka nje, viatu vyake vikiwa vikavu kwa hisani ya mchanga wake mwenyewe.

*

Nyumbani kwake Ngamiani alimkuta Shekhe Idarusi ameketi barazani, bakora kati ya magoti, kahawa mkononi. Shekhe alikuwa anajenga nyumba ya kupangisha, na alikuwa amelipa mchanga wa lori zima kabla haujaletwa.

"Shikamoo, Shekhe."

"Marahaba, Uweso. Sikujia deni, mwanangu. Nimekuja kukujulia hali tu."

"Ahsante, Shekhe."

"Isipokuwa fundi wangu amekaa bure. Na fundi ukimweka bure anadai kama anayefanya kazi. Basi nikasema, ngoja nikamjulie hali Uweso."

Mwanasiti, mkewe Uweso, alikuwa nyuma ya mlango akisikiliza. Alimjua Shekhe Idarusi: angekaa pale mpaka adhuhuri, akimwitikia kila mpita njia na kumweleza kuwa hakujia deni. Alijifunga kanga yake vizuri, akatokeza.

"Shekhe, pesa hatuna. Lakini ukumbini kuna mabati tuliyokuwa tumenunua ili tuondoe makuti. Yachukue. Lori likirudi tutakuletea mchanga, nawe uturudishie."

"Aa, Mwanasiti, binti yangu, mabati ya nini? Mimi nimekuja kujulia hali." Shekhe alikunywa funda la mwisho la kahawa. "Ni mangapi?"

Hamali walikuja kuyachukua mchana, watu wakiwa wamejaa njiani. Waliyabeba vichwani, mabati yakipiga kelele kila hatua, na kelele hizo ziliwatoa majirani milangoni mmoja mmoja hadi mwisho wa barabara. Hakuna aliyeuliza kitu. Uweso aliingia ndani akakaa kitandani, akalitazama paa la makuti lililokuwa linavuja.

Mwanasiti alimfuata. "Hebu niambie tena," alisema. "Siku ile ulimwambia nini hasa Ernesti?"

"Nimekwisha kukwambia."

"Uliniambia unacheka. Leo niambie bila kucheka."

Uweso alimweleza. Siku ile maji ya lori yalichemka karibu na daraja la Mkulumuzi. Vibarua waliopakia mchanga walikuwa wamekwisha teremka wakaenda zao kwa miguu. Yeye alichukua debe, akashuka chini ya daraja kuteka maji, na alipopanda juu, miguu imerowa, alimkuta Ernesti, mlinzi wa mto, amesimama kando ya lori. Nyuma ya Ernesti alikuwapo Mzungu kijana, msimamizi mpya, ambaye Uweso alidhani anatazama ndege.

Ernesti ni Mnyamwezi, na Uweso ni Mzigua wa Mwera. Hao ni watani tangu enzi za misafara ya pembe. Mtani humwita mwenziwe mtumwa wake, humpokonya kofia njiani, humtukania babu yake mbele ya watu, na mwenye kukasirika ndiye mkosa. Kwa miaka yote Ernesti aliyolinda mto, hawakuwahi kupishana bila kutukanana.

"Akaniuliza, 'Mchanga huu umetoka wapi?' Kwa sauti ya kiserikali. Nikadhani anajifanya bwana mkubwa, kama ada yake. Nikamwambia, umetoka chini ya daraja, mtumwa wangu. Nimezifukua nguzo zote, nataka likuangukie wewe na kofia yako, nimrithi mkeo."

"Naye?"

"Hakucheka. Nikadhani hajaupata vizuri. Nikamwongezea: nenda kachungulie, nimekuachia shimo la kuwatosha Wanyamwezi wote. Hapo yule Mzungu akatoa kalamu. Kumbe Kiswahili anakijua. Mzaha ndio asioujua."

Yaliyofuata Mwanasiti aliyajua. Masika ya mwaka uliotangulia mto ulikuwa umeitikisa nguzo moja ya daraja, na tangu hapo sheria ilikuwa kali: anayechota mchanga darajani, gari lake linazuiliwa, na akithibitika, linauzwa mnadani. Vibarua, walipoitwa barazani, walikana hata kuujua mto. Ernesti aliapishwa, akayarudia maneno ya Uweso neno kwa neno. Wala hakuongopa. Hakuulizwa kama maneno yale yalikuwa ya kweli, na yeye hakusema. Na Uweso mwenyewe, alipoyasikia yanasomwa kwa hakimu kutoka bara ambaye hata tabasamu hakuwa nalo, alishindwa kujizuia akacheka. Hakimu alimwuliza kama anaidharau mahakama. Lori likaamriwa liuzwe.

"Basi mbele ya Bwana Shauri utasema ni mtani wako," alisema Mwanasiti.

"Ndilo nililobakiwa nalo."

"Na Ernesti atakubali?"

"Mtani hakatai utani. Akiukataa, nani atamzika?"

"Nakuuliza atakubali au hatakubali. Wewe unanijibu habari za kuzikana."

*

Kesho yake Mwanasiti alikwenda kwenye laini za nyumba za watumishi, ng'ambo ya reli. Uweso alimkataza kwa maneno; kwa miguu hakumzuia. Alikuta Kristina, mkewe Ernesti, yuko jikoni nje anachambua mchicha. Kristina alikuwa mwanamke mrefu, mtulivu, aliyeshona mwenyewe nguo za kanisani za watoto wake.

Mwanasiti aliingia kwa desturi yao. Hakubisha hodi. Aliiepua sufuria iliyokuwa mekoni, akaiweka kichwani juu ya kata ya kanga. "Hii naondoka nayo," alisema. "Mnyamwezi hajui kupika, atauharibu moto bure."

Siku zote hapo Kristina humfukuza kwa mwiko, wakazunguka ua, watoto wakishangilia. Siku hiyo alibaki na mchicha wake mkononi.

"Iweke chini, Mwanasiti."

"Ikomboe."

"Iweke chini. Leo sina mzaha."

Mwanasiti aliirudisha sufuria mekoni. Ilikuwa na maji matupu. Aliketi kwenye kibao.

"Nimejua kilichokuleta," alisema Kristina. "Unataka Ernesti aseme ule ulikuwa utani."

"Si ulikuwa utani?"

"Ulikuwa utani. Nani asiyejua? Alirudi siku ile hakula. Aliniambia, Uweso kanimaliza. Nikamwambia, si ungemwambia yule Mzungu pale pale? Akasema, ningemwambia nini? Kwamba mtu amenitukana kazini, nami ndiyo furaha yangu?"

"Basi aseme sasa."

"Akisema sasa watamuuliza, mbona barazani ulinyamaza? Uliapa kusema kweli yote, ukatoa nusu. Umeacha gari la mtu liuzwe, huku unajua." Kristina alizungumza polepole, kama mtu aliyeyarudia maneno hayo peke yake mara nyingi. "Watamvua nguo zao. Na nyumba hii si yetu, Mwanasiti. Ni ya nguo zile."

"Na sisi tutakula nini? Lori lile ni minazi ya baba yake Uweso, yote. Tuliuza mpaka ya kaburini."

"Najua."

"Jana yamechukuliwa mabati."

"Nimesikia. Yamepigiwa kelele mpaka huku."

Walitazamana. Beatrisi, binti wa kwanza wa Kristina, alipita na ndoo ya maji, akamsalimu Mwanasiti shikamoo, akangoja kutaniwa kama kawaida. Mwanasiti aliitikia marahaba, basi. Mtoto akaenda zake huku akigeuka nyuma.

"Sikwambii umzuie mumeo asiseme," alisema Kristina. "Mali ni yake. Nakwambia tu, ili mjue mnasema nini."

Usiku Mwanasiti alimweleza mumewe yote, hakupunguza. Uweso alisikiliza akiwa amelala chali.

"Wangelikuwa wao wangefanyaje?" aliuliza hatimaye.

"Sijui."

"Nisiposema, lori linakwenda kwa dalali wiki hii. Nitarudi kubeba magunia bandarini, kwa mgongo huu."

"Mimi sikukwambia usiseme, Uweso."

"Basi unaniambia nini?"

"Nakwambia ili na wewe ujue unasema nini."

*

Bwana Shauri alikuwa mtu wa makamo, mwenye miwani iliyokuwa ikimteleza kwa jasho, na aliyekaa pwani muda wa kutosha kuzungumza Kiswahili bila mkalimani. Alisikiliza kesi akiwa ameegemeza shavu mkononi. Yule msimamizi kijana alikuwa ameketi pembeni, amevaa soksi ndefu nyeupe. Ernesti alisimama ukutani, vifungo vya shaba vimesuguliwa vikang'aa. Kristina hakuja. Mwanasiti alikaa dirishani nje na wanawake wengine.

"Mchanga wenyewe uko wapi?" aliuliza Bwana Shauri.

Karani alikohoa. "Umekwisha, bwana."

"Umekwisha vipi?"

"Mvua, bwana."

"Mvua iliupandia juu ya lori ikauteremsha?"

Benchi lilicheka. Karani aliangalia makaratasi yake. Bwana Shauri alimtazama kidogo, akaandika neno, akamgeukia Uweso.

"Ulimwambia mlinzi wa mto kwamba mchanga umeuchota chini ya daraja?"

"Nilimwambia, bwana."

"Ilikuwa kweli?"

"Haikuwa kweli. Nilichota kwenye kona, palipo katika kibali changu."

"Kwa hiyo ulimdanganya mtumishi wa serikali, ukajipa kosa ambalo hukulifanya, mpaka gari lako likakamatwa. Mtu mwenye akili anafanya hivyo?"

"Nilifanya mzaha, bwana."

"Na hakimu ulipokuwa mbele yake ulicheka."

"Nilicheka, bwana. Nilisikia maneno ya mzaha yanasomwa kama khutuba."

"Kwa nini ufanye mzaha na mlinzi? Mimi ukikutana nami njiani unanifanyia mzaha?"

"Sikufanyii, bwana."

"Basi kwa nini yeye?"

Uweso alimtazama Ernesti. Ernesti alikuwa akitazama mbele, juu ya vichwa vya watu, mikono imenyooka ubavuni. Kulikuwa na uzi mweupe umeshonea tundu kwenye bega la shati lake la kaki. Mshono mdogo, wa mkono wa mtu mvumilivu. Uweso aliutazama mshono ule. Kisha akafikiria magunia, na mabati yanavyopita barabarani, na akasema.

"Kwa sababu ni mtani wangu."

Yule msimamizi aliinama akamwuliza karani kitu kwa sauti ya chini.

"Ernesti," aliita Bwana Shauri, "songa mbele. Mtu huyu ni mtani wako?"

Ernesti alisogea. Jasho lilikuwa limemtoka chini ya kofia. Ilikuwa rahisi kusema hapana. Utani hauna kibali wala stempu, na hakuna ambaye angeweza kuuthibitisha. Angeweza pia kusema kwamba kazini hakuna utani, na jibu hilo lingewapendeza wengi mle ndani. Watu wa benchi walimkodolea macho, na kati yao walikuwamo Wazigua na Wanyamwezi.

"Mama yangu alipofariki hapa Tanga," alisema Ernesti, "tulichimba kaburi, tukaleta maiti. Tukamkuta huyu amejilaza ndani ya kaburi, amekunja mikono, anakoroma. Anasema shimo ni lake, kalipata kwanza, na bibi kizee arudi nyumbani akapike. Hatoki mpaka apewe jogoo."

Mtu mmoja nyuma alianza kucheka, akajizuia.

"Padri alitaka kumpiga," aliendelea Ernesti. "Mimi nilikuwa nalia tangu jana yake, sikunyamaza. Nilipomwona mle kaburini nikacheka. Nikampa jogoo. Akatoka, akamshusha mama yangu kwa mikono yake, akanizikia. Bwana, asiye mtani angefanya hivyo asingetoka mle shimoni. Ndiyo. Ni mtani wangu."

"Aliposema maneno yale darajani, wewe ulijua ni mzaha?"

"Nilijua, bwana."

"Siku hiyo hiyo?"

"Saa ile ile."

"Na ulipoapishwa barazani, ukijua, hukusema."

"Sikusema."

"Kwa nini?"

Ernesti alilamba midomo. "Niliogopa, bwana."

Bwana Shauri alivua miwani, akaifuta kwa leso, akaivaa tena. Aliandika muda mrefu. Kisha alisoma uamuzi: kwamba hakuna ushahidi mwingine ila maneno; kwamba maneno yalikuwa ya utani, desturi inayojulikana nchini; kwamba mchanga uliopaswa kutazamwa umetumiwa ovyo; na kwa hiyo amri ya kuuza lori imefutwa, mwenyewe apewe leo hii. Habari ya mlinzi wa mto ataishughulikia mahali pengine.

"Na shilingi ya ulinzi, bwana?" aliuliza Uweso, bila kujua kwa nini anaiuliza.

"Hiyo imekwisha kuandikwa," alisema karani.

Nje watu walimpa Uweso mikono. Alimtafuta Ernesti katikati yao, akamwona anatoka kwa mlango wa nyuma pamoja na yule msimamizi, Mzungu ametangulia, naye anafuata, kofia imo mkononi.

*

Uamuzi juu ya Ernesti ulikuwa mwepesi kuliko wa lori. Hakushtakiwa. Alitakiwa arudishe nguo, viatu, mkanda na kofia, na nyumba aiache wazi kabla mwezi haujaisha. Kazi aliyoipata ilikuwa ya kukata mkonge katika shamba moja njia ya Pangani, kwa hesabu ya matita.

Uweso alisikia sokoni. Alirudi nyumbani akamwambia Mwanasiti, "Nitawahamisha mimi." Mwanasiti alichukua kanga yake, akapanda mbele.

Vitu vilikuwa vimekwisha kutolewa nje: kitanda cha chuma kimefunguliwa vipande, jiwe la kusagia, masanduku, tenga la kuku, picha ya Bikira Maria imefungwa ndani ya shuka. Mwenye kuingia alikuwa tayari amefika na vyake, ameketi juu ya mizigo, anangoja kwa adabu. Ernesti alikuwa amevaa shati la raia ambalo Uweso hakuwahi kuliona, likamfanya aonekane mfupi.

"Umechelewa, mtumwa wangu," alisema Ernesti. "Au ulipita mtoni kwanza?"

Uweso alifungua kinywa. Siku zote maneno yalikuwa yanamjia kabla hajayafikiria. Hayakuja. Alifungua bodi ya nyuma, akaanza kupakia.

Walipomaliza, Mwanasiti alisogea ili Kristina aketi mbele. Kristina aliketi na mtoto mdogo mapajani, akaangalia mbele. Wengine walipanda nyuma. Uweso alimwambia Ernesti aje mbele naye, nafasi ingepatikana.

"Mpagazi hukaa na mzigo wake," alisema Ernesti. "Si ndivyo ulivyokuwa ukiniambia?" Akacheka peke yake, akapanda juu, akaketi kwenye jiwe la kusagia.

Njia nzima walimsikia anavyowasimulia watoto, kwa makusudi, kwa sauti ya kupita injini: kwamba dereva huyu ni Mzigua, na Wazigua ndio watu waliouzana kwa pishi ya mahindi, na yeye Ernesti angelikuwepo zama hizo angemnunua huyu kwa nusu pishi, akadai na chenji. Watoto walicheka. Mwanasiti alimtazama mumewe. Mikono ya Uweso ilikuwa imeushika usukani kama mtu anayejifunza. Kati ya wanawake wawili, waliokuwa wakipokonyana vyungu, hakupita neno ila mara moja, Mwanasiti alipouliza kama mtoto ana homa, na Kristina akasema hana.

Shambani nyapara aliwaonyesha chumba kwa kidole, bila kushuka baiskeli. Kilikuwa kimoja katika safu ndefu, sakafu ya udongo, mlango bila komeo. Mikonge ilianza hatua chache tu nyuma ya ukuta, imepangwa mistari mpaka macho yanaposhindwa. Waliteremsha vitu. Ernesti alibeba kitanda begani, akakitua mlangoni, akajipangusa.

"Babu yako angekuona leo angelia," alimwambia Uweso. "Mzigua kambebea Mnyamwezi mzigo kutoka pwani kwenda bara. Dunia imepinduka."

Hapo palikuwa na pengo la jibu. Palikuwa wazi kama mlango. Ernesti alisimama akilingoja, tabasamu limekaa tayari usoni. Uweso alilitafuta. Aliutafuta ukali wake wote wa zamani, habari za babu, za pembe, za mke wa kurithi, na kila alilolishika lilimkata mwenyewe.

"Nisamehe, bwana Ernesti," alisema.

Tabasamu la Ernesti lilikaa kidogo, kisha likaondoka. "Bwana?" alisema.

"Nimekukosea."

"Mimi nimekuja na wewe njia nzima, nakutukana mpaka koo limenikauka. Unadhani nilikuwa nafanya nini?" Sauti yake haikuwa ya hasira. "Usiniite bwana, Uweso. Niite ulivyokuwa ukiniita."

Uweso aliinamisha kichwa. Hakuweza. Ernesti alingoja kidogo tena, akashika tenga la kuku, akaingia nalo ndani.

Uweso alirudi kwenye lori, akafunga bodi. Alipogeuka, Kristina alikuwa amesimama nyuma yake, amefungua pembe ya kanga yake, anatoa shilingi.

"Nauli," alisema.

"Kristina, hapana. Mtani halipi nauli."

"Umemwita bwana," alisema Kristina. "Bwana hulipa."

Alizinyoosha. Watoto walikuwa wanatazama, na nyapara alikuwa anatazama. Uweso alipokea kwa mikono miwili, kama anavyopokea kwa mteja yeyote, akasema ahsante. Mwanasiti, mbele ya lori, aligeuza uso akaiangalia mikonge.